Chameli na Wenzake

Filamu yenyewe hakuna tena mtu mwenye nayo, na anayekwambia anayo, mwambie aitoe tuione. Mimi nimeitafuta miaka thelathini, kuanzia maghala ya Bombay mpaka kwa wanunuzi wa vyuma chakavu wa Khandwa, na kote nimepewa habari ile ile. Mikanda ilinunuliwa kwa uzito, ikachemshwa ili itolewe madini ya fedha yaliyokuwa ndani yake, na mabaki yakatengenezwa vikuku vya bei rahisi. Kwa hiyo "Barua Isiyo na Anwani" ya mwaka arobaini na nane, ambayo mama zetu hapa Indore waliililia kwa wiki nne mfululizo, iliishia mikononi mwa wanawake ambao hawakujua wamevaa nini. Zikabaki nyimbo tu.

Nyimbo sita, santuri tatu. Na katika hizo sita, mmoja ndio uliotufanya tugombane mpaka uzeeni: "Tarishi, Usipite Mlango Wangu". Msichana anangoja barua ya mpenzi wake, na kila siku tarishi anapita na mkoba wake bila kusimama. Kibwagizo kinaimbwa na kundi la wanawake, kisha kundi linanyamaza na sauti moja changa inajibu peke yake. Niliisikia sauti ile mara ya kwanza nikiwa na miaka kumi na miwili, mwaka ule ule kaka yangu Vasant alipooa, na santuri aliileta yeye.

Nani aliimba? Hapo ndipo palipo na kesi. Zamani hizo kampuni za santuri hazikuandika jina la mwimbaji, ziliandika jina la mhusika. Msichana wa kwenye filamu aliitwa Chameli, basi karatasi ya santuri ikasema "Chameli na wenzake", na redio nayo ikatangaza miaka yote, "Ameimba Chameli." Jina la kweli lilionekana mwanzoni mwa filamu, na filamu, kama nilivyosema, ilikwisha kuwa vikuku.

Mimi naitwa Madhav Pendse, karani mstaafu wa mizigo ya reli, katibu wa Chama cha Wapenzi wa Nyimbo za Kale. Sikuoa. Watu husema nilioa gramafoni, nami sijawahi kuwakatalia. Naishi na mjane wa kaka yangu, Shemeji Indumati, katika nyumba ya baba yetu yenye ua na mrehani wetu mtakatifu katikati, na habari ninayotaka kuisema hasa ni yake yeye.

Alikuja kwetu kutoka Bombay akiwa na miaka kumi na saba. Ni mwanamke mfupi, mwepesi wa mkono na mwepesi zaidi wa mdomo. Achari yake ya ndimu inajulikana mtaa mzima, na nusu ya wasichana wa mtaa huu wamejifunza kushona kwenye baraza yake. Alizaa mtoto mmoja wa kiume, yuko Pune. Kaka alikufa ghafla miaka ishirini iliyopita, yeye akaendelea kunipikia na kunitania. Ananiita Bwana Redio. Jambo moja tu: haimbi. Arusini wanawake wakiimba yeye hupiga makofi. Na kila nilipoiweka "Tarishi" kwenye gramafoni, aliinuka akaenda uani kuchota maji.

"Utamaliza sindano zote kwa wimbo mmoja," alikuwa akisema.

Nilidhani hana sikio la muziki. Nilimhurumia, tena nikiwa nimekaa kwenye kiti changu kama jaji. Nikikumbuka leo naona aibu.

Sasa ilikuwa hivi. Mwanzoni mwa mwaka huu nilipata habari kwamba huko Dewas yuko bibi kizee aitwaye Chameli, aliyewahi kuimba studio za Bombay. Nikapanda basi, nikamwuliza, "Wewe ndiye Chameli uliyeimba kwenye 'Barua Isiyo na Anwani'?" Akasema ndiye. Nikarudi nyumbani nikimshukuru Mungu. Nikamwandikia mwenyekiti wetu, Bwana Lunawat mwenye duka la vitafunwa, maneno matatu kwa herufi kubwa: NIMEMPATA CHAMELI MWENYEWE. Yeye ni mtu wa shughuli. Kabla wiki haijaisha alikuwa amekodi ukumbi, amemwalika waziri, amechapa kadi mia nane. Sherehe ikapangwa siku ya Vasant Panchami, sikukuu ya kupokea majira ya maua, watu wote wakiwa wamevaa njano. Bibi Chameli angevishwa shali na kukabidhiwa nazi, na siku hiyo hiyo mchapaji kutoka Nagpur angekuja kuuchukua kwa mkono wake ukurasa wa mwisho wa daftari kuu la nyimbo na waimbaji wake, tunalolitengeneza sisi wa chama, ambao mimi nilikuwa nimeuacha wazi mstari mmoja, wa jina la mwimbaji wa "Tarishi". Daftari hilo likishachapwa halichapwi tena maisha yetu haya.

Siku nne kabla ya sherehe Bibi Chameli aliletwa nyumbani kwangu kufanya mazoezi. Alikuwa mama mkongwe, mwembamba, sari yake imepigwa pasi kwa bidii, na kicheko chake kilimtangulia mlangoni. Lunawat alikuja naye na kopo la tambi za dengu.

"Mama, tuimbie kidogo tu," Lunawat akasema.

"Kidogo ndicho nilicho nacho, mwanangu. Koo lenyewe siku hizi ni la kuazima."

Nikavuta kinanda, nikamwekea mbele kile kijitabu cha nyimbo kilichokuwa kikiuzwa mlangoni mwa sinema. Akaimba kibwagizo, na kilikuwa chenyewe kabisa. Lakini alipoingia mahali pa sauti moja, sauti yake ikawa inapapasa. Akafika ubeti wa tatu akaimba: "Vasant imerejea, barua haijarejea."

Mkono wangu ukasimama. Kila mpenzi wa nyimbo za kale anajua kwamba kwenye santuri mwimbaji hasemi Vasant. Kijitabu kimeandika Vasant, yaani majira yenyewe, lakini mwimbaji anaimba "Maua yamerejea," neno lisiloenea kwenye mizani, mpaka inambidi avute pumzi mahali pasipostahili. Tumelibishania kosa lile miaka na miaka. Mimi mwenyewe nimeandika makala ya kurasa tisa kuthibitisha kwamba mshairi alibadili dakika ya mwisho.

"Mama, kwenye santuri ulisema maua," nikamwambia.

"Nilisema?"

"Ulisema. Nchi nzima imekusikia."

Akakitazama kijitabu. "Hapa wameandika Vasant, baba. Mimi nasoma kilichoandikwa."

Lunawat akacheka haraka haraka. Wakati huo Shemeji akaingia na chai, upindo wa sari umemfika kwenye paji la uso. Bibi Chameli akanyoosha mkono kupokea kikombe, lakini badala ya kikombe akakishika kifundo cha mkono uliokileta, akakitazama, kisha akakiachia.

"Asante, dada," akasema.

Shemeji akatoka.

"Nani huyo?"

"Shemeji yangu."

"Wa hapa hapa?"

"Alitoka Bombay zamani sana."

Akanywa chai yake yote, akasema koo limechoka, hataki kuimba tena.

Nilimfuata Lunawat mpaka kwenye gari. "Huyu siye," nikamwambia.

"Siye nani?"

"Siye aliyeimba. Umesikia mwenyewe."

"Pendse, barua yako ninayo. Herufi kubwa! Waziri anakuja, shali imenunuliwa, nazi imenunuliwa, halafu neno moja linakukwama kooni?"

"Si neno, ni ukurasa. Filamu hakuna, mshairi kafa, mtunzi wa muziki kafa. Tukiandika uongo, hakuna wa kuja kuusahihisha."

"Basi usiuite uongo," akasema, akafunga mlango wa gari.

Siku mbili nzima sikula vizuri. Ningesema, ningemwaibisha bibi kizee na chama kizima, na kichwa changu kikiwa cha kwanza. Ningenyamaza, sauti ile niliyoipenda kuliko kitu chochote duniani ingezikwa na jina la mwingine, na mimi ndiye mchimba kaburi.

Siku ya tatu asubuhi Shemeji aliniwekea pepeta na jalebi, akakaa kuchambua adesi.

"Ukipita sokoni niletee maua ya njano," akasema. "Na usininunulie yaliyolala. Mwaka jana uliniletea manyasi. Kesho ndiyo ile Tano ya Njano."

Kijiko kikabaki mdomoni. Indore nzima inasema Vasant Panchami, yaani siku ya tano ya Vasant. Shemeji Indumati husema Tano ya Njano. Muuza vitunguu aitwaye Vasantrao, yeye humwita "yule wa vitunguu". Mtoto wa jirani, Vasanti, humwita Manjano. Sikuwahi kuona ajabu, kwa sababu kwetu hakuna ajabu: mke hataji jina la mumewe, awe hai awe amekufa. Mama yangu alikufa bila kulitamka la baba. Na jina la mume likiwa ni jina la kitu, kitu hicho nacho hutafutiwa jina jingine. Hata msichana aliyechumbiwa tu huanza kujizuia.

"Shemeji, arusi yenu ilikuwa mwezi gani?"

"Wa tano. Kwa nini?"

"Na uchumba?"

"Mwaka mmoja kabla. Kula, chakula kinapoa."

"Na wimbo ulirekodiwa lini?"

Vidole vyake vikasimama ndani ya adesi. "Wimbo gani?"

"Huo ambao ukipigwa unakwenda kuchota maji."

Nilimwona akitafuta utani wa kunijibu, na kwa mara ya kwanza hakuupata.

"Funga mlango," akasema.

Baba yake alikuwa mpiga kinanda wa studio. Siku ya kurekodi mwimbaji aliyelipwa hakutokea, muda wa studio ulikuwa unayoyoma, na mtunzi wa muziki akasema mleteni yule binti wa mpiga kinanda, nimemsikia akiimba akimletea baba yake chakula. Akaimba. Mara moja tu, wimbo mmoja tu. Miezi michache baadaye, kabla ya arusi, baba yake, kwa kuwa alikuwa mtu mkweli, akaja kumweleza mama yangu.

"Mama yenu hakuvunja uchumba," Shemeji akasema. "Siku nilipoingia kwenu alinileta hapa uani, akaniwekesha mkono kwenye mrehani ule, akaniapisha. Nisiimbe tena, na Vasa..." Akajikata ulimi. "Na kaka yako asijue kamwe kwamba mkewe ametoka studio. Nikaapa. Nilikuwa mtoto, Madhav. Ningeapa chochote."

"Na kaka hakujua?"

"Hakujua. Hilo ndilo linaloniua. Santuri ile aliinunua yeye! Akaipiga, akaniambia, 'Sikiliza, hakuna sauti kama hii duniani.' Nikasema ndiyo, nzuri. Miaka ishirini na sita. Kila alipoipiga nilitaka kumwambia, na kila siku niliyonyamaza ikaifanya ya pili yake kuwa ngumu zaidi. Leo nisimame mbele za watu niseme nilimficha mume wangu sauti yangu? Watauliza alifichwa nini kingine."

"Na yule wa Dewas achukue jina?"

"Achukue. Shali itamfaa, Dewas kuna baridi."

Nilikasirika. Nilimkasirikia mama yangu aliye kaburini... wala hana kaburi, tulimchoma na majivu tukayatia mtoni, na bado nilimkasirikia. Nilimkasirikia huyu aliyekaa mbele yangu. Nilijikasirikia mimi mwenye kurasa tisa, niliyekuwa nikitafuta miwani iliyo usoni.

"Filamu yenyewe uliiona?" nikamwuliza.

"Nani angenipeleka?"

Nikatoka uani nikalia, na sioni haya kulisema. Niliporudi akanitaka niape kwamba sitamtaja kwa mtu yeyote. Nikaapa. Familia yetu ni hodari wa kuapishana.

Mchana huo huo nikaenda Dewas. Nilikuwa nimekata shauri kumwomba Bibi Chameli ajifanye mgonjwa, asipande jukwaani, na mimi niandike kwenye ukurasa "hajulikani". Anaishi chumba kimoja nyuma ya kinu cha mafuta. Alinipa maji, akanitazama nikinywa.

"Mama, wewe hukuimba wimbo ule," nikasema.

"Nani kasema sikuimba? Tulikuwa wanawake saba nyuma ya kipaza sauti kimoja. Uliniuliza kama mimi ndimi Chameli niliyeimba kwenye filamu ile. Mimi ni Chameli, na niliimba. Uliuliza vibaya, nikajibu vizuri."

Nikamkodolea macho.

"Usinitazame hivyo," akaendelea, sasa kwa sauti ya chini. "Santuri ilipotoka nikaona wameandika jina langu. Sikujua kwamba kwenye hadithi msichana ameitwa hivyo hivyo, filamu sikuwa na nauli ya kwenda kuiona. Nikadhani labda mtunzi alinisikia katikati ya wale saba, akanipenda, akaniandika. Mtu hudhani, baba. Nilidhani hivyo miaka mingi, na ilinisaidia kuishi."

"Na aliyeimba peke yake?"

"Mtoto wa mpiga kinanda. Alitetemeka mpaka nikamshika mkono, tukaimba tumeshikana. Kufika ubeti wa tatu akasema neno lile halisemi, labda auawe. Mtunzi alipiga makelele! Binti akasema, 'Nitasema maua.' Muda ulikuwa umekwisha, wakaiacha ilivyo." Akagusa kifundo cha mkono wake. "Alikuwa na kovu la mafuta ya moto hapa, la umbo la jani. Juzi lilinipa chai."

"Nimekula kiapo, mama. Sina la kusema."

"Basi usiseme. Mimi nitapanda."

"Utapanda kufanya nini?"

"Kuimba nilichoimba," akasema, na hakutaka kunieleza zaidi.

Siku ya sherehe ukumbi ulifurika, njano tupu. Shemeji alikuja kwa sababu asingekuja watu wangeuliza; alikaa upande wa wanawake, safu ya nne, karibu na nguzo, amejifunika kichwa. Mchapaji wa Nagpur alikuwa mbele na mkoba wake magotini. Ukurasa ulikuwa mfukoni mwangu, mstari ule bado mweupe, na tangu asubuhi nilikuwa nimeugusa mara mia.

Waziri akachelewa, akaja, akasema sana. Bibi Chameli akavishwa shali, akapewa nazi. Ndipo Lunawat akatangaza, "Na sasa, sauti ambayo nchi imeingoja miaka arobaini na sita!"

Makofi. Kinanda kikaanza. Bibi Chameli akaweka nazi chini, akaimba: "Tarishi, usipite mlango wangu, usipite." Ukumbi ukashusha pumzi ya raha. Kisha mahali sauti ile moja inapoingia, akafunga mdomo. Akasimama tu, mikono ameikunja mbele. Kinanda kikazunguka peke yake mpaka mwisho wa mstari, kikarudi mwanzo.

Akaimba kibwagizo mara ya pili. Akafunga mdomo tena.

"Amesahau," mtu akanong'ona nyuma yangu.

Mara ya tatu. Waziri akatazama saa. Lunawat alikuwa anamfanyia ishara kwa nyusi, jasho linamtiririka kama aliyemwagiwa maji. Kijana mmoja mwema akaanza kumsaidia kuimba, na wengine wakamfuata, lakini bibi kizee akainua mkono.

"Nyamazeni nyote! Hapo si penu."

"Ni pako, basi paimbe!" mtu akapaza sauti, na kicheko kikapita.

"Si pangu pia. Sisi wa kundi hapo hatuimbi. Hapo tunangoja."

Watu wakaanza kuzomea. Nilimtazama Shemeji, alikuwa anatazama sakafu. Nilitaka kusimama, na kiapo kikanikalisha. Nikasema moyoni, atamwacha azame. Na nikasema pia, ana haki ya kumwacha, hakuna aliyemwuliza kama anataka. Mara ya nne sauti ya Bibi Chameli ikapasuka katikati ya kibwagizo, shali ikamwanguka begani, na mtu wa nyuma akapiga mluzi.

Hapo ndipo ikaja. Hakusimama. Hata upindo wa sari hakuushusha. Sauti ilikuwa nzito, ina kutu, haikuwa ile changa ya kwenye santuri, na waliokaa mbali walidhani ni mtu mwingine tu anayeleta mzaha. Lakini hakuanzia ubeti wa kwanza. Aliingia moja kwa moja ubeti wa tatu: "Maua yamerejea..." akavuta pumzi pale pale, mahali pasipostahili, "...barua haijarejea."

Watu mia nane waliokuwa mle ndani wameivuta pumzi ile pamoja naye tangu utotoni. Hakuna aliyehitaji kuelezwa. Mluzi ulikatika. Bibi Chameli akaendelea na kibwagizo kutoka jukwaani, analia na kucheka, naye akamjibu kutoka safu ya nne, wakaumaliza wimbo wote hivyo, wakirushiana juu ya vichwa vyetu.

Nilipita katikati ya watu waliopanda juu ya viti, sijui nilimkanyaga nani. Mchapaji alinifuata nyuma, na Lunawat nyuma yake akihema. Nikachuchumaa mbele ya Shemeji.

"Mbona umeimba?" nikamwuliza. Swali la kipumbavu, lakini ndilo lililotoka.

"Mwenzako humwachi kwenye kibwagizo," akasema. "Baba yangu angenichapa."

Nikatoa ukurasa. "Niandike?"

"Na kaka yako?"

"Kaka alisema hakuna sauti kama hii duniani. Alikuwa anakusifu wewe, Shemeji, hata kama hakujua. Sifa ulizipata."

Alinitazama mpaka nikainamisha macho. "Andika," akasema.

Nikaweka karatasi juu ya goti, nikaanza: In... Akanishika mkono.

"Siyo hilo. Hilo mlinipa ninyi."

Ni kweli. Kwetu bibi arusi akiingia hupewa jina jipya. Bwana arusi huliandika kwa pete juu ya sinia la mchele, na la kwao halitajwi tena. Sinia lile nililishika mimi. Nimekula kwa mkono wa mwanamke huyu miaka arobaini na sita, nikachambua majina ya waimbaji, wapiga zeze na wapiga ngoma wa nchi nzima, na sikuwahi kumwuliza aliitwa nani kabla hajaja kwetu.

"Uliitwa nani, Shemeji?"

Akautazama mstari ule kwenye ukurasa.

"Revati," akasema. "Revati, binti wa Dattoba mpiga kinanda."

Nikazikata zile herufi mbili nilizokwisha kuandika. Nikaandika upya.